Bibi wa Liuli na mstari uliochorwa ufukweni

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Nina miaka 27, nimezaliwa Temeke na sasa naishi Mbagala. Bibi mzaa mama ni mtu wa Liuli, Ziwa Nyasa. Akisali peke yake huanza na "Atate wathu", yaani Baba yetu, na ana ndugu Nkhata Bay na Likoma, upande wa Malawi, ambao mimi sijawahi kuwaona. Juzi kazini tulikuwa tunabishana habari za mpaka, mwenzangu akafungua ramani kwenye simu. Maji yote yamepakwa rangi ya Malawi. Akaniambia, "Nyie ni Wamalawi mliosahauliwa ufukweni." Watu wakacheka. Nilikosa la kusema. Ziwa ni la nani hasa? Na sisi watu wa huko ni akina nani?

JIBU: Marahaba, binti yangu. Barua yako nimeisoma mara tatu, na kila nikifika pale uliposema watu wakacheka, moyo unaniuma. Nimesomesha historia ya ziwa lile hapa Dar es Salaam kwa miaka mingi, na maneno kama hayo nimeyasikia yakiambiwa vijana wengi wa Nyasa, wa Ludewa na wa Kyela, hasa tangu mwaka 2012 mgogoro wa mpaka ulipochacha.

Umeuliza mambo mawili. La kwanza, ziwa ni la nani, ni shauri la serikali mbili na halijamalizika. La pili lina jibu, tena jibu lake ni la zamani kuliko serikali zote mbili. Nianze na hilo, maana ndilo lililokuliza.

Ukifika Liuli, simama ufukweni utazame pande zote. Mbele yako ni maji, na siku hewa ikiwa safi utaona milima ya ng'ambo. Nyuma yako nchi inapanda kuelekea Umatengo. Ukienda kaskazini, upande wa Ludewa, Milima ya Livingstone inashuka mpaka majini bila kuacha nafasi ya barabara, na viko vijiji ambavyo mpaka leo usafiri wake wa uhakika ni boti. Mwenzako alitazama ramani akaona bluu, akadhani bluu ndiyo inayotenganisha watu. Kwa watu wa ufukwe ule, kilichowatenga ni mlima. Kabla ya magari, safari ya kupanda kwenda Songea ilikuwa ya siku kadhaa kwa miguu, mzigo kichwani. Ziwa lilikuwa rahisi zaidi. Mtu alisubiri upepo wa Mwera utulie, akapakia mtumbwi, akaenda kwa shemeji yake kijiji cha pili au ng'ambo. Lami ya kutoka Mbinga mpaka Mbamba Bay imekamilika miaka ya karibuni tu. Kwa hiyo bibi yako kuwa na ndugu Nkhata Bay, yapata kilomita 60 kwa maji kutoka Mbamba Bay, si jambo la ajabu. La ajabu lingekuwa asiwe nao.

Hata jina lenu linasema hivyo. Kwa Kiyao na Kinyanja, nyasa au nyanja ni maji mengi, ni ziwa. Neno hilohilo ndilo nyanza ya kule Mwanza. David Livingstone alipofika mwaka 1859 na kuuliza maji yale yanaitwaje, aliambiwa jina la kawaida la ziwa, akaliandika kama jina la pekee. Ndiyo maana tukisema "Ziwa Nyasa" tunasema ziwa mara mbili. Na Mnyasa ni mtu wa ziwani, basi. Ndani ya jina hilo wamo wenye Kimanda chao, Kimpoto chao na Kinyanja chao, kila mmoja na kijiji chake na ukoo wake.

Sasa nikupe jambo ambalo ningependa ulikumbuke siku utakapobishana tena. Katikati ya karne ya 19 Wangoni waliingia nchi hizi kutoka kusini, wakiwa wamegawanyika baada ya kiongozi wao Zwangendaba kufariki huko Ufipa. Wengine walikwenda Songea, wengine wakakaa Mzimba, ambayo sasa ni Malawi. Kwa hiyo hata Wangoni wako pande zote mbili. Uvamizi wao uliwafanya watu wa ufukwe wa kaskazini mashariki kukimbilia sehemu pekee ambayo mpiganaji wa nchi kavu asingewafuata: ndani ya maji. Wasafiri wa Kizungu waliopita kwa meli miaka ya 1870 waliandika kuwa waliona nyumba zimejengwa juu ya nguzo ziwani, mitumbwi imefungwa chini yake kama baiskeli barazani. Watu walilala humo, wakapika humo, wakazaa humo. Miaka 15 baadaye mtu wa Ulaya akaja kuandika kwamba nchi ya watu hawa inaishia ufukweni.

Ziwa lilikuwa na njia ya kwenda mbali pia. Miaka ya 1840 mfanyabiashara wa pwani aitwaye Salim bin Abdallah alijenga kituo chake Nkhotakota, ufukwe wa magharibi, akajulikana kwa cheo cha Jumbe. Majahazi yake yalivusha pembe za ndovu na watumwa mpaka ufukwe wa mashariki, kisha misafara ikashika njia ya Kilwa. Ni historia chungu na sitaki kuipamba. Vijiji vya ufukwe ule vilipoteza watu wengi kwa njia hiyo. Lakini ndivyo Kiswahili, Uislamu, na mpunga vilivyozoeleka ziwani kabla ya Mjerumani hajasimika bendera. Ukimsikia bibi yako anaongea Kiswahili chenye lafudhi yake, usidhani kilikuja na shule za Mwalimu Nyerere peke yake. Kilikuwako.

Tuje kwenye "Atate wathu". Hapo ndipo nilipotabasamu, kwa sababu bibi yako ameibeba kumbukumbu ambayo hata vyuoni hatuifundishi ipasavyo. Wamisionari wa Kianglikana, wale wa UMCA, yaani Misheni ya Vyuo Vikuu kwa Afrika ya Kati, waliokuwa pia Unguja na Magila, waliweka makao yao ya ziwani kisiwani Likoma miaka ya 1880. Kule walianza kujenga kanisa kuu la Mtakatifu Petro mwaka 1903, na bado limesimama, kubwa kuliko unavyoweza kutarajia kwenye kisiwa kidogo kama kile. Kutoka Likoma meli za misheni, Charles Janson na baadaye Chauncy Maples iliyoshushwa majini mwaka 1901, zilizunguka ufukwe wote, kijiji kwa kijiji, zikiwa shule, zahanati na kanisa linaloelea. Padri William Percival Johnson aliishi maisha hayo kwa zaidi ya miaka 40 na kutafsiri Biblia kwa Kinyanja cha Likoma. Alifariki Liuli mwaka 1928, akazikwa hapohapo.

Liuli ilikuwa nchi ya Mjerumani, na Likoma ilikuwa ya Mwingereza. Lakini kanisa lilikuwa moja, chini ya askofu mmoja, na lugha ya sala ilikuwa Kinyanja. Hali iliendelea hivyo mpaka mwaka 1952, ilipoundwa Dayosisi ya Kusini Magharibi mwa Tanganyika. Kama bibi yako alibatizwa na kufundishwa sala kabla ya hapo, alifundishwa kwa lugha ya kanisa lake la wakati huo. Hakujifunza kuwa Mmalawi. Malawi yenyewe haikuwapo bado.

Muulize pia habari za ngoma. Muulize kama alicheza kioda. Kioda ni ngoma ya kina mama wa Nyasa, na ng'ambo, Likoma na Nkhata Bay, wanaiita chiwoda. Wanaume wana mganda, kwa safu zilizonyooka kama gwaride, ngoma kubwa moja, na vibuyu vinavyopulizwa vikalia kama tarumbeta. Nkhata Bay ngoma ya aina hiyo inaitwa malipenga, na kikundi chake kinaitwa boma, chenye vyeo vyake vya kijeshi. Ilienea baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, vijana waliporudi kutoka jeshini na kuchukua gwaride la mkoloni wakaligeuza kuwa mchezo wao. Vikundi vilialikana kushindana, kijiji hiki kwa kijiji kile, na mwaliko ulisafiri kwa maji. Mimi nimetazama mganda upande wa Tanzania na malipenga upande wa Malawi, na nakuhakikishia ukifumba macho huwezi kusema uko nchi gani.

Vita hivyo vilifika kwenu mapema. Liuli Wajerumani waliiita Sphinxhafen kwa sababu ya jabali lililo majini lenye umbo kama la sanamu ya Misri. Tarehe 13 Agosti 1914 meli ya Kiingereza Gwendolen iliikuta meli ya Kijerumani Hermann von Wissmann imepandishwa ufukweni hapo kwa matengenezo, ikaipiga mzinga. Nahodha wa Kijerumani alikuwa rafiki wa nahodha wa Kiingereza na hakuwa na habari kuwa nchi zao ziko vitani. Inasimuliwa kwamba alipiga makasia kuiendea Gwendolen akifoka, akiuliza kama mwenzake amelewa. Watu husimulia kisa hiki kwa kucheka. Mimi huwafikiria zaidi watu wa Liuli walioamshwa na mizinga kwa ugomvi usiowahusu.

Niongeze habari za kaskazini kidogo, ingawa hukuuliza, kwa sababu huko mpaka haubishaniwi kwa namna hiyo lakini unasumbua vilevile. Mto Songwe unatenganisha Kyela na Ileje upande wetu, Karonga na Chitipa upande wao. Wanyakyusa na Wangonde ni ndugu wa lugha na wa asili. Masimulizi ya kale yanasema Lwembe wa Unyakyusa na Kyungu wa Ungonde walikuwa ndugu walioshuka kutoka milima ya Ukinga. Walambya na Wandali nao wako kote kuwili. Na mto wenyewe hautulii. Bondeni, karibu na ziwa, Songwe hufurika na kuhama njia. Mkulima analala shamba lake liko Tanzania, mvua za masika zikipita anakuta mto umepita upande wa pili wa mpunga wake. Ndiyo sababu nchi hizi mbili zimekuwa na mradi wa pamoja wa kuutuliza mto huo, na mwaka 2017 zikatia saini ya kuunda Kamisheni ya Bonde la Mto Songwe. Mchele unaouzwa Mbagala kwa jina la "mchele wa Kyela" unatoka kwenye bonde hilo. Na ng'ambo ya mto, Karonga, mchele wao unaosifika Malawi nzima unaitwa Kilombero. Kila upande umeufanya mpunga wa bonde hili jina lake la kujivunia, na wao wakalichukua jina la bonde letu jingine, la Morogoro.

Basi mstari wenyewe ulitoka wapi?

Tarehe 1 Julai 1890 Uingereza na Ujerumani zilitia saini mkataba huko Berlin. Humo Ujerumani ilipata kisiwa cha Heligoland katika Bahari ya Kaskazini na kuitambua Zanzibar kuwa chini ya ulinzi wa Uingereza. Katika kugawana Afrika Mashariki, kifungu cha kwanza kilieleza mpaka wa Wajerumani ukifuata ufuko wa mashariki wa Ziwa Nyasa, kisha wa kaskazini na wa magharibi, mpaka ukingo wa kaskazini wa mdomo wa Mto Songwe. Waingereza tayari walikuwa na misheni na kampuni ya biashara ziwani, na meli yao ya kwanza, Ilala, ilikuwa majini tangu mwaka 1875. Waliyataka maji yote wakayapewa. Hakuna mtu wa Liuli, wa Manda wala wa Matema aliyeulizwa.

Nikwambie ukweli ambao baadhi ya wenzangu hawapendi niuseme hadharani: kwa maneno ya mkataba ule peke yake, Malawi ina hoja. Maneno yanasema ufuko. Na mwaka 1964, mjini Cairo, nchi za Umoja wa Nchi Huru za Afrika zilikubaliana kuheshimu mipaka zilizoikuta wakati wa uhuru. Zaidi ya hapo, mwaka 1962 serikali ya Tanganyika yenyewe ilikiri bungeni kuwa maji yale hayamo ndani ya mipaka yetu. Mtanzania akibisha habari hizi bila kuyajua hayo, atashindwa mapema na atafedheheka.

Lakini sisi nasi tuna hoja, na hazitoki hewani. Kifungu cha sita cha mkataba huohuo kinasema mistari hiyo inaweza kurekebishwa kwa makubaliano kulingana na mahitaji ya mahali husika. Waliouandika walijua kuwa wanachora wakiwa mbali. Mwingereza alipoichukua Tanganyika baada ya vita, akawa anatawala pande zote mbili, na ripoti zake za miaka ya 1920 na mwanzoni mwa miaka ya 1930 kwa Shirikisho la Mataifa zilikuwa na ramani zinazoonesha mpaka ukipita katikati ya maji. Kisha upo mfano wa jirani yetu wa kusini. Ufuko wa Msumbiji nao uliwekwa mpakani kwa mkataba wa Uingereza na Ureno wa mwaka 1891. Mwaka 1954 Waingereza na Wareno walikaa, wakausogeza mpaka hadi katikati ya ziwa, na Likoma na Chizumulu zikabaki za Nyasaland ingawa zimezungukwa na maji ya Msumbiji. Kama mkoloni aliweza kurekebisha kwa ajili ya Mreno, mtu wa Mbamba Bay ana haki ya kuuliza kwa nini yeye aliachwa kwenye mchanga.

Na kuna jambo ambalo halihitaji mwanasheria. Ufuko wa Ziwa Nyasa hautulii mahali pamoja. Njia yake pekee ya kutoka ni Mto Shire, na kati ya miaka ya 1915 na 1935 hivi mto huo uliziba kwa mchanga na matete, maji yakajaa ziwani na kupanda mita kadhaa kwa muda. Mpaka ukiwekwa kwenye ufuko, basi ziwa likijaa, nchi moja inaingia sebuleni mwa raia wa nchi nyingine, na likipungua inarudi nyuma. Mama anayechota maji ya kupikia anatoka nchini kwake kila asubuhi akiwa na ndoo. Hilo ndilo linalonifanya niamini kuwa mstari wa katikati ndio wa haki, hata kama njia ya kuufikia ni mazungumzo.

Mzozo wenyewe ulilipuka mwaka 1967, Tanzania ilipotangaza rasmi kuwa mpaka uko katikati. Usidhani ilikuwa ramani tu. Mwaka 1964, wiki chache baada ya uhuru wa Malawi, Rais Kamuzu Banda aligombana na mawaziri wake, na kadhaa wao walikimbilia huku. Kanyama Chiume, waziri wake wa mambo ya nje, aliishi hapa Dar es Salaam uhamishoni. Alikuwa amekulia na kusoma Tanganyika, na Kiswahili chake kilikuwa cha mtu wa nyumbani. Orton na Vera Chirwa nao walikuwa hapa. Yatuta Chisiza aliongoza kikundi kidogo chenye silaha kuingia Malawi mwaka 1967, akauawa huko. Juu ya hayo Banda alikuwa akishirikiana na makaburu wa Afrika Kusini wakati Dar es Salaam ilikuwa imejaa wapigania uhuru. Septemba 1968 alidai hadharani kuwa Malawi ya asili ilienea mpaka wilaya zetu za kusini, na Mwalimu Nyerere akamjibu kwa ukali. Maji yalikuwa sehemu tu ya ugomvi uliokuwa mpana zaidi.

Mwaka huohuo wa 1968 Banda alikifanya Kichewa kuwa lugha ya taifa, na Kinyanja kikaitwa Kichewa tangu hapo. Kitumbuka kikaondolewa redioni na magazetini. Huku kwetu machifu walikuwa wameondolewa madaraka tangu 1963, Kiswahili kikawa cha shule na ofisi, na miaka ya 1970 vijiji vikahamishwa na kukusanywa. Ng'ambo, Kyungu wa Karonga bado ni chifu anayetambulika kisheria. Hapa ndipo mpaka ulipofanya kazi yake kweli, binti yangu. Miaka 100 ya mstari kwenye karatasi haikuwatenga watu wa ziwa kama ilivyowatenga miaka 60 ya shule, redio na vitambulisho. Bibi yako na binamu yake wa Likoma wanaelewana bila shida. Wewe na mjukuu wa huyo binamu mkikutana leo, yeye atakuja na Kichewa na Kiingereza, wewe na Kiswahili cha Mbagala, na huenda mtalazimika kusalimiana kwa ishara mpaka wazee waje.

Ulikuwa bado shuleni mwaka 2012, lakini nadhani unakumbuka kelele zile. Mwaka 2011 Malawi iliipa kampuni ya Uingereza, Surestream, leseni ya kutafuta mafuta ziwani, pamoja na upande wa mashariki tunaodai. Agosti 2012 Waziri wa Mambo ya Nje, Bernard Membe, alilieleza Bunge kuwa utafiti huo usimamishwe. Mitaani watu wakaanza kuzungumzia vita. Rais Kikwete alitamka wazi kuwa Tanzania haina mpango wa vita. Shauri likapelekwa kwa marais wastaafu wa Afrika wakiongozwa na Joaquim Chissano wa Msumbiji, pamoja na Thabo Mbeki na Festus Mogae. Makubaliano hayakupatikana, na mpaka leo ramani za nchi mbili hazifanani. Ndiyo sababu mwenzako aliona rangi ile kwenye simu yake. Aliyechora alifuata upande mmoja. Angefungua ramani iliyochapishwa na serikali ya Tanzania angeona mstari katikati.

Wakati wa kelele hizo wavuvi walikuwa na hofu yao wenyewe. Usipa, samaki wadogo kama dagaa, huvuliwa usiku wa giza, kwa taa, na usipa haujui mstari. Kundi likienda ng'ambo, mitumbwi hulifuata. Mwaka ule wazee wa ufukweni waliniuliza swali moja tu: mwanangu akikamatwa majini, nani atakuja kumtoa? Nilikuwa na shahada na vitabu na sikuwa na jibu la maana kwao. Mzee mmoja akanionesha wingu la kungu likipanda juu ya maji, wale wadudu wadogo wanaoruka kwa mamilioni mpaka unadhani ziwa linawaka moto na kutoa moshi. Pande zote mbili watu huwakusanya, wakawaponda na kutengeneza mikate. Akaniambia kungu wakisukumwa na upepo huu wataliwa kwetu, upepo ukigeuka wataliwa kwa wajomba.

Kwa hiyo ukirudi kazini, huhitaji kubishana kwa hasira. Mwambie mwenzako kwamba wewe ni Mtanzania kwa kuzaliwa, kama yeye, na hilo halitegemei maji ni ya nani. Ukiacha maneno ya Banda ya mwaka 1968, Malawi haidai katika shauri hili kwamba Liuli si Tanzania. Ubishi wa sasa ni wa maji. Mwambie pia kuwa wewe ni Mnyasa, na Unyasa una watu katika nchi tatu, kama Umakonde ulivyo na watu Mtwara na Msumbiji, na Umasai Arusha na Kenya. Kama anataka kuiona Malawi aende Kurasini akatazame malori yanayopakia mizigo kwenda Lilongwe kupitia mpaka wa Kasumulu, Kyela. Bandari ya mji huu inaibeba nchi ile kila siku, mpaka ukiwa na mgogoro au usiwe nao.

Halafu fanya kazi moja ambayo mimi siwezi kukufanyia. Bibi yako bado yuko hai. Keti naye jioni ukiwa na simu yako ya kurekodi. Usianze na maswali ya mpaka, atakwambia hajui siasa. Muulize meli zilizokuwa zikitia nanga Liuli alipokuwa msichana, na nani alishuka kutoka ndani. Muulize nani alioa wapi, na mahari ilivukaje. Muulize majina ya samaki kwa lugha ya nyumbani, mbasa na wengine ambao majina yao sisi huku mjini hatuna, na majina ya pepo. Muulize nyimbo za kioda, maana mara nyingi zimetaja vijiji na watu. Mwache aseme sala yote kwa Kinyanja, na uiandike neno kwa neno.

Ukishakuwa na hayo, nenda Nyaraka za Taifa pale Upanga uombe kuona vitabu vya wilaya ya Songea vya wakati wa Mwingereza. Maofisa waliandika humo habari za koo, za vijiji na za uvuvi wa ufukwe ule, vizuri na vibaya. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, Mlimani, kina mkusanyiko wa Afrika Mashariki katika maktaba yake. Peleka majina uliyopewa na bibi uyalinganishe na yaliyoandikwa. Palipo na tofauti, mimi ningeanza kwa kumwamini bibi, kisha nitafute kwa nini ofisa aliandika vingine.

Na nauli ikipatikana, mpeleke Liuli kiangazi, Mwera ukishatulia. Mwulize kama angependa kupanda boti mpaka kwa ndugu zake. Kata hati za kusafiria mapema, zako na zake, na umbebee mchele.